Mzigo Unaoliwa Njiani: kaya ya Ugogo kati ya vita na Mtunya, 1914–1920

Wagogo huzipa njaa zao majina, na ile iliyofuatana na Vita Kuu ya Kwanza waliiita Mtunya, yaani kugombania, kunyang'anyana. Makadirio yanayotajwa mara nyingi ni kwamba katika Wagogo 150,000 hivi walikufa watu kama 30,000 kati ya 1917 na 1920. Mmoja katika kila watano. Ukiuliza chanzo, jibu la haraka ni ukame. Ukame ulikuwepo, hakuna anayebisha. Ila Ugogo ni nchi kavu tangu na tangu, na kaya za Ugogo zilipangwa zikijua kwamba kila baada ya miaka michache mvua itakata. Kinachotaka maelezo ni kwa nini safari hii kinga zote zilishindwa, na zilishindwa kwa mpangilio gani.

Tutaifuata kaya moja. Si kaya ya mtu fulani. Tumeiunda kwa vipimo vya kawaida vya kilimo cha jembe la mkono, tukaiweka kusini ya Dodoma, upande wa Mvumi, karibu na njia ya kwenda Iringa. Vita vinavyoipitia ni vya kweli. Hesabu za kilo ni za mfano, na msomaji wa Bahi au Kongwa anayelima uwele anaweza kuzirekebisha kwa shamba lake.

Kihenge kabla ya vita

Kaya ina watu tisa: mzee, wake zake wawili, kijana wao mkubwa na mkewe, na watoto wanne. Wanakaa kwenye tembe, paa la udongo, ng'ombe uani. Wanalima ekari saba za uwele na mtama. Mwaka wa mvua ya kawaida, ambayo kwa Dodoma ni milimita 500 na kitu kati ya Desemba na Aprili, ekari moja inatoa kilo 280 hivi. Jumla ni kilo 1,960.

Mtu mzima anayefanya kazi anakula nafaka nusu kilo kwa siku, mtoto gramu 300. Watu wazima watano na watoto wanne wanamaliza kilo 3.7 kwa siku, sawa na kilo 1,350 kwa mwaka. Ongeza kilo 150 za pombe. Pombe hapa msiione ni anasa. Ndiyo mshahara wa wanaokuja kusaidia palizi; bila pombe hakuna mkono wa jirani shambani. Mbegu ni kilo 25, zinatundikwa juu ya meko zipate moshi ili fukusi asizitoboe. Kinachobaki ni kama kilo 430, chakula cha miezi minne pungufu siku chache.

Miezi minne haitoshi kuvuka mwaka mzima wa ukame. Ndipo zinapoingia kinga nyingine. Ng'ombe ishirini, ambao wote hawalali zizi moja: baadhi wako kwa shemeji, baadhi kwa rafiki upande wa Bahi, ili ugonjwa au wezi wasiwamalize kwa usiku mmoja. Chumvi ya Bahi, inayochekechwa kutoka kwenye udongo wa mbuga na kuchemshwa mpaka maji yakauke, ni bidhaa ya kubadilishana. Majani ya mlenda yamekaushwa, yametwangwa, yamefungwa. Na mwisho kabisa kuna kuhemea: kuondoka na ngozi, chumvi, mbuzi au mikono mitupu, kwenda kwa wenye chakula Ukaguru, Uhehe au Urangi, kulima kwao na kurudi na mzigo.

Watani wa Wagogo wamegeuza jambo hili kuwa mzaha wa ombaomba. Kuhemea ni kazi yenye kanuni zake, na kwa karne nyingi ndiyo iliyowavusha watu katika nchi isiyotabirika.

Noti zilizokuwa karatasi tu

Vita vilianza Agosti 1914, na kwa kaya hii vilianza kwa nguo. Waingereza walifunga pwani kwa manowari mwaka 1915. Meli mbili tu za Wajerumani zilipenya kuleta shehena, moja mwaka 1915 na nyingine mwaka 1916, na walicholeta kilikuwa zaidi silaha na mahitaji ya jeshi. Merikani na kaniki zikaadimika madukani Dodoma. Watu walirudia ngozi, jambo ambalo Ugogo halikuwa geni, lakini ngozi inayovaliwa haiuzwi. Akiba moja ya kuhemea ikaanza kuvaliwa mwilini.

Kisha fedha. Sarafu za rupia zilipungua, serikali ya Kijerumani ikachapa noti za muda Dar es Salaam na baadaye Tabora, karatasi hafifu zenye sahihi za wino. Mwaka 1916 karakana ya reli karibu na Tabora ilifua sarafu za heller (senti ya rupia ya Kijerumani) 20 na 5, nyingine kwa shaba ya maganda ya mizinga. Jeshi lilinunua nafaka na ng'ombe kwa noti hizo. Mzee wetu anauza ng'ombe wawili na ziada yote ya mwaka 1915, kilo 430 zile, analipa kodi, na kinachobaki anakifunga kwenye kibuyu.

Kwa mtu aliyezoea rupia ya fedha inayolia ikigongwa jiweni, karatasi ilikuwa jambo la kutilia shaka tangu siku ya kwanza, na shaka yake ilikuwa sahihi. Waingereza walipoingia walikuja na rupia ya India, na noti za muda za Wajerumani hazikununua kitu tena. Kosa si kwamba mzee aliuza. Aliuza ng'ombe anayezaa na nafaka inayolika, akapokea ahadi ya serikali iliyokuwa ikijiandaa kukimbia.

Jeshi lilifika wakati wa mavuno

Vikosi vya Afrika Kusini chini ya Jenerali Van Deventer, vilivyopigana upande wa Waingereza, vilishika Kondoa Aprili 1916, vikakwama hapo kwa mvua, njaa na magonjwa. Wajerumani wakiongozwa na Lettow-Vorbeck walijaribu kuwarudisha nyuma mwezi Mei, wakashindwa. Julai ardhi ilipokauka, Van Deventer aliteremka kusini. Dodoma ikaanguka mwisho wa mwezi huo, Mpwapwa katikati ya Agosti.

Tazama tarehe hizo kwa jicho la mkulima. Mtama wa Ugogo huvunwa Juni na Julai. Majeshi mawili, moja likirudi nyuma na jingine likifukuza, yalipita kwenye wiki zile zile ambazo vihenge vilikuwa vimejaa na ng'ombe wamenenepa kwa mabua. Yangekuja Februari yasingekuta kitu. Mkuu wa jeshi hakuchagua mwezi huo kwa ajili ya mtama. Alisubiri njia ikauke. Lakini kiangazi kinachomfungulia askari njia ndicho hicho hicho kinachomkaushia mkulima mavuno, kwa hiyo katika nchi hii vita hupenda kuja na kihenge kikiwa tele.

Wajerumani wanaondoka na ng'ombe saba wa kaya yetu, kwa sababu ng'ombe ni chakula kinachojitembeza, na wanabeba mizigo kumi ya nafaka. Waingereza wanafika wiki chache baadaye, wanachukua ng'ombe wanne na mizigo mingine kumi, kwa hati au kwa rupia. Mzigo mmoja ni kilo 25. Jumla ni kilo 500.

Ng'ombe waliowekwa kwa shemeji na rafiki hawakupona. Kuwatawanya kunasaidia pale adui anapokuwa mdogo: mwizi, ugonjwa wa zizi moja, ukame wa upande mmoja. Jeshi lilisomba wilaya nzima, na kila zizi lilihesabiwa na jumbe, mkuu wa kijiji.

Kihenge kikabaki na kilo 1,435 baada ya kutoa mbegu. Inatosha mwaka mmoja bila pombe. Hakuna aliyelala njaa mwaka 1916 katika kaya hii, na ndiyo maana mwaka huo husahaulika simulizi ya njaa inapotolewa. Watu walikula, lakini akiba ilikuwa sifuri, ng'ombe wamebaki saba, na pombe ya kuitia majirani palizi haipo.

Kilo 23 kichwani

Hapa ndipo kwenye kiini cha kisa.

Wajerumani walivunja madaraja ya reli walipokuwa wakirudi nyuma. Kwa wiki kadhaa Waingereza walilisha kikosi cha Dodoma kwa njia ya ajabu: walibadilisha magurudumu ya malori yao ili yatembee juu ya reli, kutoka Morogoro hadi Dodoma. Ilifanya kazi vizuri, kwa sababu reli hubeba uzito. Baadaye njia ya reli ilifunguliwa hadi Dar es Salaam. Lakini vita vilikuwa vimehamia Iringa na bonde la Ruaha, na kutoka Dodoma kwenda Iringa hakukuwa na reli. Malori na punda walitumika njia ilipokuwa kavu. Msimu wa 1916/17 mvua zilinyesha kupita kiasi, Ruaha ikafurika, udongo mweusi ukawa tope la kumezea gari. Ikabaki vichwa vya watu.

Mpagazi alibeba mzigo wa ratili 50, kilo 23 hivi. Posho yake ilikuwa ratili mbili za unga kwa siku, kilo 0.9. Dodoma hadi Iringa ni kilomita 260 hivi kwa barabara ya leo. Akitembea kilomita 20 kwa siku, na kwenye tope hiyo ni mwendo mzuri, anafika kwa siku kumi na tatu. Njiani ameshakula kilo 11.7. Kurudi anahitaji kilo 11.7 nyingine. Jumla ni kilo 23.4.

Mzigo wote. Mpagazi aliyebeba unga kutoka Dodoma hadi Iringa na kurudi hakupeleka hata kibaba kimoja, kama alikula posho aliyoandikiwa. Ili kilo moja ifike kwa askari, lazima mmoja kati ya mambo matatu yatokee: mpagazi ale pungufu, au ale kutoka kwenye vihenge vya njiani, au arudi tumbo tupu. Yote matatu yalitokea. Ndiyo maana jeshi lilihitaji watu wengi kiasi kile. Kwa upande wa Waingereza peke yao, wapagazi katika vita vya Afrika Mashariki walifika kama milioni moja kwa miaka yote, na waliokufa wanakadiriwa kukaribia 100,000. Jina la Kariakoo pale Dar es Salaam limetokana na kikosi chao.

Wengi waliokufa hawakupigwa risasi. Mgogo aliyezoea ugali wa uwele uliosagwa jiweni na mlenda wenye magadi alipewa unga wa mahindi uliosagwa nusu nusu. Unga wa namna hiyo unahitaji maji mengi na moto wa muda mrefu. Mpagazi anafika kambini jioni, kuni zimelowa, sufuria moja watu wengi, anasonga haraka na kula ukiwa mbichi katikati. Tumbo linaharibika, kuhara kunakuja, na ndani yake kuhara damu kutokana na maji ya kambi. Mwili unaohara haupati nguvu ya kile unachokula, na kesho yake mzigo ni ule ule. Baridi ya nyanda za Iringa, kwa mtu mwenye shuka moja iliyolowa, ilimalizia kwa kichomi.

Kutoka kaya yetu anachukuliwa kijana mkubwa mwezi Januari 1917. Mzee anachukuliwa Februari kwa safari fupi ya kupeleka mizigo Ruaha, anarudi Aprili akiwa mgonjwa.

Januari na Februari ni palizi. Ekari moja inataka siku kumi na mbili za mtu mmoja kwa palizi ya kwanza, na mwaka wa mvua nyingi magugu huota nyuma yako ukiangalia. Ekari saba ni siku 84. Watu watano wanamaliza kwa siku 17 na kurudia palizi ya pili kwa wakati. Wanawake watatu wanahitaji siku 28, na huku watoto wanachunga, maji yanachotwa, mgonjwa anauguzwa. Wakifika ekari ya tano, ya kwanza imeshafunikwa. Majirani hawaji: hakuna pombe, na wao pia wamechukuliwa wanaume. Ekari nne zinatoa kilo 250 kila moja, tatu zinatoa 100. Mavuno ya 1917 ni kilo 1,300, na bado jumbe anatakiwa kupeleka mizigo ya nafaka stesheni.

Wapo waliofukia nafaka ardhini ili isionekane. Shimo la nafaka huhifadhi vizuri udongo ukiwa mkavu kabisa, kuta zikichomwa moto na mdomo ukizibwa kwa majivu na udongo wa kichuguu. Mwaka ambao maji yanapenya kila mahali, anayefukua miezi mitatu baadaye hukuta uvundo na punje zilizoota.

Mvua inakata

Sasa ndipo ukame unapoingia, ukiwa wa mwisho kwenye foleni. Mvua za 1918 na 1919 zilikuwa mbaya. Kaya imelima ekari tano tu kwa sababu mikono haitoshi, na kila moja imetoa kilo 120. Mavuno ya 1918 ni kilo 600. Kijana hajarudi, kwa hiyo wanaokula ni wanane, na wamejibana hadi kilo tatu kwa siku. Kihenge kitakuwa kitupu mwishoni mwa Januari.

Katika miezi ya mwisho ya 1918, homa kubwa ya mafua iliyozunguka dunia ilifika kwa reli na kwa wapagazi waliokuwa wakirudishwa makwao. Vita vyenyewe viliisha wakati huo huo. Lettow-Vorbeck alijisalimisha Abercorn (leo Mbala, Zambia) tarehe 25 Novemba. Ila Novemba na Desemba ni kupanda. Mafua haya yaliwapiga zaidi watu wazima wenye nguvu kuliko wazee na watoto, kinyume na kawaida ya magonjwa. Kaya yenye watu wazima wanne walala chali kwa wiki mbili mvua ya kwanza inaponyesha imepoteza mvua hiyo, na mwaka ule nyingine ya kutegemewa haikuja.

Januari wanakula mbegu. Kilo 25 za mbegu ni chakula cha siku nane. Watu huona jambo hili kama upumbavu wakilisoma wakiwa wameshiba; kwa mama aliye na watoto wanne ni siku nane, na huenda ndani ya siku nane mtu akarudi na mzigo.

Ng'ombe saba waliobaki wanapelekwa sokoni. Shida ya ng'ombe kama akiba ni kwamba kila kaya inafungua akiba hiyo siku moja. Wauzaji ni wengi, wanunuzi wachache, nafaka haipo. Ng'ombe aliyekuwa akibadilishwa kwa magunia kadhaa anatoka kwa debe. Na kila jike anayeuzwa anaondoka na maziwa ya watoto, kwa hiyo kaya inauza chakula ili inunue chakula kidogo zaidi.

Vyakula vya porini vina mbinu, na njaa huua mbinu kwanza. Ubuyu ndio salama kuliko vyote: unga wake unakorogwa na maji, mbegu zinakaangwa na kutwangwa. Lakini mbuyu mmoja una kaya ngapi zinazoutazama? Viazi pori vingi vina sumu. Lazima vimenywe, vikatwe slesi nyembamba, vilowekwe kwenye maji yanayobadilishwa kila siku, siku tatu au zaidi, kisha vikaushwe na kutwangwa. Mtu mwenye watoto wanaolia hapunguzi slesi, anapunguza siku. Matapishi na kizunguzungu hufuata, na mwili uliodhoofika haustahimili. Isitoshe, kubadilisha maji kila siku katika kiangazi cha Ugogo kunamaanisha safari ya pili kisimani.

Ngozi nazo zinaliwa, zile zile zilizokuwa za kuhemea, kulalia na kuvaa. Inababuliwa motoni manyoya yaishe, inakwanguliwa, inalowekwa usiku kucha, inakatwa vipande na kuchemshwa kutwa mpaka ilainike na mchuzi uwe mzito kama gundi. Inajaza tumbo. Nguvu inayotoa ni ndogo, na inakula kuni na maji kuliko chakula chochote kingine jikoni.

Kuhemea kunapogonga ukuta

Tuirudie ile hesabu ya mpagazi, safari hii kwa mke mdogo wa mzee anayekwenda Ukaguru. Urefu wa safari ni siku sita kwenda na sita kurudi. Analima kwa watu siku saba, analipwa kilo 20 za mtama. Kurudi anakula kilo 3.6 njiani. Anafika na kilo 16.4. Nyumbani wanakula kilo tatu kwa siku. Siku kumi na tisa za kazi na mwendo zimeleta chakula cha siku tano na nusu.

Kuhemea hufaa pale wenye chakula wapo umbali wa siku mbili au tatu. Mwaka wa kawaida walikuwepo. Sasa Urangi ilikuwa imepitiwa na vita vya Kondoa, Uhehe ilikuwa uwanja wa mapigano kwa miezi, na Ukaguru ilikuwa ikilisha wageni kutoka kila upande. Kila mwaka wa vita uliusogeza mpaka wa chakula siku moja mbele, na kichwa cha mtu hakiongezeki uwezo wa kubeba. Kuanzia 1917 hadi vita vilipoisha kulikuwa na tatizo jingine: mwanaume anayeonekana njiani na mzigo ni mpagazi aliyejileta mwenyewe. Kwa hiyo waliohemea walikuwa wanawake, wazee na watoto, wabebaji wa mizigo midogo.

Behewa moja la tani kumi lingebeba sawa na wanawake 500 waliobeba kilo ishirini ishirini, na wala lisingekula njiani. Reli ilikuwepo Dodoma tangu 1910. Mpaka Novemba 1918 mabehewa yalikuwa ya jeshi kwanza. Na hata chakula kikishushwa stesheni, kutoka hapo hadi kwenye tembe ya siku mbili au tatu, kilirudi kuwa mzigo wa kichwani.

Kaya inapogundua kwamba chakula hakiwezi kuletwa kwa watu, inaanza kuwapeleka watu kwenye chakula. Watoto ndio wanaosafirishwa kwanza, kwa kuwa mdomo wao ni mdogo na mwenye chakula atakubali. Hii ndiyo rehani ya watoto ambayo simulizi za Mtunya haziachi kuitaja: binti anaachwa kwa mwenye kihenge, wazazi wanaondoka na kapu la mtama, kwa makubaliano kwamba atakombolewa mvua ikirudi. Kwa hesabu baridi ya kilo, uamuzi huo una mantiki mara mbili: mtama umeingia, na gramu 300 za kila siku hazidaiwi tena nyumbani. Kaya yetu inamwacha binti wa miaka tisa Ukaguru mwezi Machi 1919. Kufikia Juni mzee amekufa na mtoto mdogo kabisa amemfuata. Waliobaki wanalifunga tembe kwa miiba na kuondoka.

Msimu wa 1919/20 mvua zinarudi. Wanawake watatu wanarudi na mbegu walizolipwa kwa vibarua, kilo saba hivi. Ekari moja inataka kilo tatu na nusu, kwa hiyo wanapanda mbili, zile za karibu na zizi la zamani ambako samadi bado ipo. Kuanzia Machi masuke yanaanza kujaa, na hapa kuna hatari ya mwisho ambayo wazee wa nchi kavu wanaijua: mtu aliyekaa miezi bila chakula akishiba ghafla kwa mtama mbichi, anaweza kufa akiwa amekaa shambani kwake. Uji mwepesi kwanza, kidogo kidogo, kwa siku kadhaa. Na kila suke linalokatwa bichi linapunguza mavuno, kwa hiyo mke mkubwa anagawa masuke kwa kuhesabu, matatu kwa kila mtu kwa siku, na usiku analala shambani.

Wanavuna kilo 560. Zinatosha watu watano miezi minane na kidogo, na mbegu za ekari nne zinatundikwa juu ya moshi.

Madai yanabaki mawili. La kwanza ni la kijana. Hajarudi, hakuna barua, na mkewe hajui kama ni mjane au anasubiri. Bila kujua hilo haolewi, harithiwi, wala watoto hawagawiwi upande. La pili ni la binti. Mama yake anakwenda Ukaguru baada ya mavuno na kilo ishirini za mtama, kiasi kile kile walichopokea. Mwenye kihenge anakataa. Anasema kapu lile lililipwa mwaka wa njaa, na kilo ishirini za mwaka wa njaa si kilo ishirini za mwaka wa mavuno. Isitoshe amemlisha mtoto miezi kumi na sita. Anataka ndama jike. Kaya haina ng'ombe hata mmoja, kwa hiyo mama anabaki pale kulima msimu mzima, na mtama aliokuja nao unapikwa nyumbani kwa mwenyeji.